NJIA ILIYOZIBWA MIIBA

Somo la vikundi vya mtaa

Masomo ya kusomwa kabla ya kukutana: Hesabu 20:14-21 na 21:4, Kumbukumbu la Torati 19:14 na 23:7, Mathayo 13:1-9, 1 Wakorintho 6:1-8.

Somo la mwezi huu ni habari ya njia. Hatusemi ile Njia tunayoihubiri kila Jumapili. Tunasema vijia vya miguu vinavyopita katikati ya mashamba yetu, kwenda kisimani, lamboni, shuleni, mnadani na makaburini. Kila mwaka mvua za kwanza zikinyesha na plau zikatoka, mashauri ya njia nayo huanza. Mama anaamka alfajiri na ndoo yake, anakuta miiba imelazwa mahali alipopita tangu aolewe, na nyuma ya miiba kuna matuta mapya. Kabla ya Krismasi watu wawili walioshiriki meza moja wameacha kusalimiana, na mmoja wao ameanza kwenda kusali mtaa wa jirani.

Tuanze na Kitabu cha Hesabu. Musa, akiwa Kadeshi, alituma wajumbe kwa mfalme wa Edomu kuomba njia. Tuangalie jinsi alivyoomba. Kwanza alimkumbusha undugu, maana Edomu ni Esau, na Israeli ni Yakobo, watoto wa tumbo moja. Pili alitaja masharti yake mwenyewe kabla hajaulizwa: hawatapita katika mashamba wala mizabibu, hawatayagusa maji ya visima, watafuata njia kuu bila kugeuka huku wala huku. Walipokataliwa mara ya kwanza waliongeza kwamba, kama wao au mifugo yao wakinywa maji, watalipa. Edomu akakataa tena, akatoka na watu wengi wenye silaha. Israeli hawakupigana, walizunguka. Na katika kuzunguka huko, sura ya 21 yatuambia, watu walichoka mioyo, wakaanza kumnung'unikia Mungu na Musa. Njia iliyozibwa haimalizi ubaya wake pale ilipozibwa, bali huwafuata watu huko wanakozungukia.

Lakini jambo linalotushangaza zaidi liko katika Kumbukumbu la Torati 23. Watu hao hao walionyimwa njia wanaagizwa wasimchukie Mwedomi, kwa kuwa ni ndugu yao. Tulishike neno hili tunapoendelea.

Sasa tutazame kwetu. Mbona njia zinakufa? Wengi husema ni kwa sababu watu wamekuwa wabaya. Sisi hatukubali kwamba hiyo ndiyo sababu yote. Hapa Usukumani, tangu zamani, mavuno yakiisha shamba hufunguka. Mabua huwa malisho, ng'ombe hupita, na mtu hukatiza popote anapotaka. Wakati wa masika njia hujikusanya ikawa nyembamba, watu wote wakifuata mstari mmoja ili wasikanyage mazao. Basi mtu aliyenunua shamba mwezi wa nane, labda ametoka mkoa mwingine na fedha za dhahabu mfukoni, ameoneshwa uwanda mtupu. Hakuona njia. Mvua ikija, anaona watu thelathini wanapita katika mahindi yake, naye anaweka miiba, na moyoni mwake anaamini kabisa kwamba anawazuia wavamizi.

Tena kuna habari ya Operesheni Vijiji. Miaka ya 1974 hadi 1976 watu walitolewa katika kaya zao zilizotawanyika wakapangwa katika vijiji. Njia zilizounganisha kaya na kaya ziliachwa, nyingine zikalimwa. Baadaye wengi walirudi kulima katika mahame yao, wakakuta mtu mwingine amegawiwa sehemu, na njia ya babu imo katikati ya shamba lake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya mwaka 1999, ilithibitisha ugawaji wa ardhi uliofanywa vijijini kati ya tarehe 1 Januari 1970 na tarehe 31 Desemba 1977. Kwa hiyo mzee anayesema kwamba baba yake alipita pale kabla ya Operesheni huenda anasema kweli tupu, ila kweli hiyo peke yake huenda isitoshe kumpatia njia leo. Baraza litataka kujua watu wamepita wapi baada ya hapo.

Zipo sababu nyingine. Mpunga umeshuka mbugani, na jaruba halina njia ila tuta lake. Ngitili zimerudi, nasi twamshukuru Mungu kwa hilo. Ule mpango wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, yaani HASHI, ulioendeshwa tangu 1986 hadi 2004, ulirudisha miti na majani mahali palipokuwa jangwa. Hata hivyo ngitili ni mahali palipofungwa, na anayefunga asipoacha njia ya ng'ombe kwenda lamboni amemfungia jirani maji. Wazee wetu walilijua hilo, ndiyo maana kanuni za ngitili zilizungumzwa katika dagashida, mbele ya wote. Tena baba anagawa shamba kwa wana wanne, na yule wa ndani anabaki kisiwani, hana pa kutokea ila kwa kaka zake. Baba akiwa hai hakuna neno. Baba akizikwa, shemeji anasema haoni sababu ya watu kupita mbele ya jiko lake.

Upande wa Geita na Kahama ardhi ilipanda bei sana tangu migodi mikubwa ilipoanza kazi, wa Geita mwaka 2000 na wa Bulyanhulu mwaka 2001, na wachimbaji wadogo wakazidi kuenea. Njia iliyokuwa ya mtu na baiskeli leo inapitisha pikipiki tatu sambamba, kesho fuso lililobeba mawe ya kwenda kwenye karasha. Mwenye shamba aliyeruhusu miguu hakuruhusu fuso. Tukimhukumu kwa kuziba, tuulize kwanza ni nini kilichokuwa kikipita.

Katika mfano wa mpanzi Bwana wetu anasema mbegu nyingine zilianguka kando ya njia. Tumeusikia mfano huu mara nyingi hata hatuoni tena kwamba shamba lile lilikuwa na njia. Mpanzi alipoteza mbegu pale, zikakanyagwa na kuliwa na ndege, lakini hatusomi kwamba aliweka miiba. Miiba imetajwa mahali pengine, na haikusifiwa. Hatutaki kuulazimisha mfano useme jambo ambalo haukukusudiwa. Twasema tu kwamba wale waliomsikiliza hawakuona ajabu kwamba shamba la mtu lina njia ya watu.

Nasi hatuwezi kufundisha somo hili bila kuungama. Miaka michache iliyopita mtaa wetu uliingiwa na hofu kwamba kiwanja cha kanisa kitamegwa. Wazee wa kanisa wakaamua tupande minyaa pande zote. Tulifanya kazi ile Jumamosi tatu, na akina mama wa Umoja wakatupikia uji. Kiwanja kikapendeza. Hakuna aliyekumbuka, au hakuna aliyetaka kukumbuka, kwamba katika pembe ya mashariki wanawake wa kitongoji cha chini walikuwa wakipita kwenda kisimani. Kwa misimu miwili walizunguka. Hawakulalamika, nani atalishitaki kanisa? Mwishowe bibi mmoja, ambaye si Mkristo, alitungoja nje baada ya ibada. Alisema hana kesi na kanisa, ila anaomba tumpatie kijana wa kumchotea maji, maana goti lake haliwezi ule mzunguko.

Mzee wetu mmoja alimjibu kwamba pale hapakuwa na njia, watu walikuwa wakikatiza tu. Maneno hayo tumeyasikia mara nyingi barazani kutoka kwa watu tuliowaona wagumu wa moyo. Siku ile yalitoka kwetu. Tulibishana wiki tatu. Wengine walisema tukifungua pembe moja tutafungua zote, wengine wakasema bibi yule ametumwa. Hatimaye minyaa iling'olewa kwa upana wa hatua nne, tukaandika katika kumbukumbu za halmashauri ya mtaa kwamba hapo ni njia, na nakala tukampelekea mtendaji wa kijiji aiweke katika jalada. Kiwanja hakikumegwa. Mbuzi wanaingia, ni kweli, na mihogo ya mchungaji imeliwa mara mbili.

Basi, mtu aliyezibiwa njia afanye nini? Jambo la kwanza ni lile asilopaswa kufanya. Asichukue panga usiku akafyeka uzio. Twajua wengi waliofanya hivyo wakiwa na haki ya njia mkononi, na asubuhi wakawa washitakiwa. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inahesabu kuwa kosa kuharibu mali ya mtu kwa makusudi (kifungu cha 326) na kuingia katika ardhi ya mtu kwa jinai (kifungu cha 299). Shauri la njia likigeuka kuwa shauri la uzio uliokatwa, habari ya njia haisikilizwi tena kwa muda mrefu, na aliyeziba anakaa mahakamani kama mlalamikaji.

Amwendee jirani yake kwanza, wakiwa wawili, kama Bwana alivyoagiza. Aende kama Musa, na masharti yake mkononi: tutapita kwa miguu tu, ng'ombe watazungukia juu wakati wa mazao, mbwa watafungwa, na ng'ombe akikanyaga dengu zako tutalipa. Watu wengi huenda kwa jirani na neno moja tu, kwamba hii ni njia yetu. Jirani naye ana neno lake moja, kwamba hili ni shamba langu. Maneno hayo mawili yakikutana hakuna anayepita.

Ikishindikana, lipo Baraza la Ardhi la Kijiji. Kwa sheria lina wajumbe saba, na watatu kati yao ni wanawake. Wanapendekezwa na Halmashauri ya Kijiji na kuthibitishwa na Mkutano Mkuu wa Kijiji. Kazi yake ni kusuluhisha. Halina uwezo wa kumlazimisha mtu, lakini wajumbe wake wanaweza kwenda shambani siku hiyo hiyo, na mara nyingi mmoja wao amewahi kupita katika njia hiyo akiwa mtoto. Tunawashauri akina mama wasiogope kwenda. Njia ya maji na kuni huijua zaidi wao, na bado barazani tumeona wanaume wanne wakibishana kuhusu njia ambayo hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuipita na ndoo.

Baada ya hapo lipo Baraza la Kata, lenye wajumbe wanne hadi wanane, watatu wakiwa wanawake. Hapa tuwe waangalifu, maana wengi bado wanafuata habari za zamani. Kwa Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Na. 2 ya mwaka 2002, Baraza la Kata liliweza kuamua mashauri ya ardhi yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 3. Marekebisho ya mwaka 2021 yaliondoa uwezo huo. Tangu hapo Baraza la Kata linapatanisha tu. Likishindwa, linatoa hati kwamba limeshindwa, na kwa hati hiyo mtu anafungua shauri katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Siku 30 zikipita bila usuluhishi kupatikana, aliyeonewa anaweza kwenda wilayani hata bila hati. Asiyeridhika na uamuzi wa Baraza la Wilaya ana siku 45 za kukata rufani Mahakama Kuu. Tunazitaja siku hizi kwa sababu kuna watu waliopoteza haki yao kwa kungoja mavuno yaishe.

Mtume Paulo anawaaibisha Wakorintho kwa kushitakiana mbele ya wasioamini, na wako miongoni mwetu wanaotumia maneno yake kumnyamazisha mjane. Si haki. Paulo hakumwambia mnyonge avumilie ili mwenye nguvu alime. Aliuliza kama hapana hata mmoja mwenye hekima kati yao awezaye kuamua kati ya ndugu na ndugu. Swali hilo linatuelekea sisi wazee wa kanisa kabla halijamwelekea mjane. Kama hatukwenda kuiona njia, hatuna ruhusa ya kumkataza aende barazani.

Na barazani ataulizwa nini? Kwa uzoefu wetu maswali hayapishani sana. Njia imetumika tangu lini? Walipita wazi mchana, au kwa kujificha? Walipita kwa haki, au kwa hisani ya mwenye shamba, ambaye kila mwaka aliombwa akakubali? Hisani ni jambo jema lakini haiwi haki kwa kurudiwa. Tena, je, ipo njia nyingine, na ni ya mbali kiasi gani? Ushahidi si maneno ya wazee peke yake. Tafuteni hati za zamani za mauziano. Katika karatasi nyingi zilizoandikwa kwa mkono mbele ya mwenyekiti wa kitongoji, mipaka imetajwa kwa majirani: kaskazini anapakana na fulani, magharibi anapakana na njia. Tumeona neno hilo moja, "njia", katika karatasi ya miaka ishirini iliyopita, likimaliza ubishi wa masika mawili. Na karatasi yenyewe ilikuwa kwenye sanduku la yule aliyeziba.

Tunakuja sasa kwenye jambo ambalo kwa ajili yake tumeandika somo hili. Vijiji vyetu vinapimwa. Watu wanapata hatimiliki za kimila, na ni vema wapate, maana hati humlinda mnyonge asinyang'anywe. Lakini siku wapimaji wanapopita na vyombo vyao, shamba huwa umbo lenye pembe, na kijia cha miguu, kisipotajwa na mtu, huingia ndani ya umbo hilo kikatoweka. Baada ya hapo mwenye hati anaonesha karatasi yenye mhuri, na aliyepita miaka arobaini anaonesha nyayo. Sheria haikusahau jambo hili. Kamati ya uhakiki wa mipaka ya kijiji imepewa uwezo wa kutenga njia wakati wa uhakiki, ili ardhi iweze kutumika vizuri. Kijiji nacho kinaweza kuonesha njia za watu na za mifugo katika mpango wake wa matumizi ya ardhi, na kutunga sheria ndogo kuhusu kuziba, zikithibitishwa na Halmashauri ya Wilaya. Uwezo upo. Ila kamati huandika kile inachooneshwa, na siku ya kuonesha wengi wetu tuko mnadani.

Si sisi peke yetu tuliohangaika na jambo hili. Huko Uingereza, nchi ya vijia vingi vya kukatiza mashamba kwenda kanisani na kinuni, Bunge lilitunga sheria mwaka 1949 iliyoziagiza halmashauri zichore ramani ya njia za miguu zilizo za umma, na njia ikiisha kuingia katika ramani hiyo mwenye shamba hawezi kukana kwamba ipo. Kazi ya kuchora ilichukua miaka mingi, nazo njia zilizosahauliwa zimezua ugomvi hata karne hii.

Neno fupi kuhusu migodi, kwa kuwa wasomaji wetu wa upande wa Geita watauliza. Leseni ya madini haimwondolei mwenye ardhi haki zake zote papo hapo. Sheria ya Madini ya mwaka 2010 inamwachia haki ya kulima na kulisha mifugo juu ya ardhi, maadamu haizuii kazi ya madini. Kwa hiyo kijiji kisingoje uzio ukamilike ndipo kilalamike. Kiombe mapema njia mbadala, iandikwe katika makubaliano, na itajwe itaanzia wapi na kuishia wapi. Lakini palipo na mashimo na baruti, uzio unaokoa maisha, na hakuna mzazi anayepaswa kumfundisha mtoto kupenya. Tukumbuke pia ya Mwadui: mwaka 2021 kampuni ya Petra Diamonds, iliyokuwa na hisa nyingi katika mgodi wa Williamson, ilikubali kutoa pauni milioni 4.3, bila kukiri kuwajibika kisheria, kumaliza madai ya watu waliosema kwamba walitendewa ukatili na walinzi katika eneo la mgodi. Fedha haikumrudisha aliyekufa.

Kwa vikundi. Someni Hesabu 20 kwa zamu, mmoja akiwa mjumbe wa Musa na mwingine mfalme wa Edomu, kisha mwulize mfalme alikuwa na hofu gani. Zungumzeni: katika kitongoji chenu ni njia ipi iliyokufa tangu mwanzo wa masika yaliyopita, na ni nani anayezunguka kwa sababu yake? Je, yuko mmoja wetu katika kikundi hiki aliyeziba? Msimtaje kwa jina kama hakujitaja mwenyewe. Baada ya kikao, watu wawili, mmoja wao awe mwanamke, waende kwa mtendaji wa kijiji kuuliza ni lini kamati ya uhakiki itapita kitongojini kwenu, na ni njia zipi zimekwisha kuandikwa. Watuletee jibu kabla ya mkutano wa mtaa, pamoja na orodha ya njia, zilizo hai na zilizozibwa, ikitajwa kila moja inatoka wapi kwenda wapi. Ya pembe ya mashariki ya kanisa tumekwisha kuiandika.